Baba Mkwe Asimamaye Nje ya Dirisha Langu

Mama Tryphosa, mshauri wetu wa kila Jumamosi, naomba msaada wako na naomba unijibu upesi kwa sababu Jumanne ijayo ndiyo ya mwisho na mimi sijui nifunge pazia au niliache wazi, na ukisema hilo ni jambo dogo, ngoja kwanza nikueleze. Mimi ni mjane, naitwa Persis, nauza vitambaa na nyuzi hapa sokoni Gesima, na nyumba yangu iko ndani ya boma la baba mkwe wangu, Mzee Makori, ambaye mimi humwita Tata kama vile marehemu mume wangu Ishmael alivyomwita. Mama mkwe alitangulia zamani, kwa hiyo mzee anaishi peke yake katika nyumba ya juu, mimi niko nyumba ya chini na watoto, na Ishmael amelala katikati yetu pale kwenye nyasi, tangu mvua za mwaka jana, radi ilipompiga akichuma majani chai.

Sasa, miezi kadhaa kabla hajafa, watu wa televisheni walikuja huku kwetu kupiga picha za tamthilia, walipenda vile mashamba ya chai yanavyoshuka kilima na ule ukungu wetu wa asubuhi, wakawa wanatafuta wanaume wenye nguvu wa kubeba jeneza katika sehemu ya mazishi, na Ishmael akachaguliwa akafurahi kama amepewa cheo. Tata aliposikia alishuka mpaka kwenye uzio wetu wa miti, hakusogea mlangoni, kwa maana sisi Abagusii tuna heshima yetu tunaita chinsoni, baba hakanyagi ndani ya nyumba ya mwanawe aliyeoa, hata mvua ya mawe imkute pale atasimama nje na kuita. Akamwita Ishmael, mimi niko jikoni nasikia, akamwambia, "Jeneza tupu halibebwi. Linatafuta wa kulijaza." Ishmael hakumjibu, hatukuzoea kumjibu, na asubuhi yake akaenda. Alirudi jioni anacheka, bega limechubuka, akanisimulia kwamba aliwaambia wale watu yeye hawezi kubeba jeneza tupu, baba yake amekataza, wakamcheka kidogo kisha wakamwachia afanye anavyotaka, basi akaenda kwa jirani akaomba mgomba, akaukata wakaulaza mle ndani, kama tunavyofanya mtu akipotelea mbali na mwili usionekane, na ndipo akakubali kuweka bega, na mgomba mbichi unaujua uzito wake. Nikampaka mafuta tukalala, na mambo ya sinema tukayasahau.

Halafu ikaja radi. Sitaki kuandika habari za siku ile, niliandika nikapasua karatasi. Nitakwambia ya mazishini tu, kwamba watu walilia mpaka sauti zikakauka, unajua kilio chetu, lakini Tata hakulia, alisimama mbele ya chifu na mchungaji na ukoo mzima, wakamngoja aseme habari za mwanawe, naye akasema, "Sinema ile haitavuka mlango wangu," akakaa chini. Basi. Tangu siku ile hajalitaja jina la Ishmael, hata watoto wakimtaja babao yeye anainuka anakwenda kuangalia ng'ombe, na akipita karibu na kaburi anageuza uso upande wa chai.

Mwaka huu tamthilia ikaanza, kila Jumanne saa moja jioni kabla ya habari. Kina mama jirani wakaja kwangu kuitazama kwa sababu vilima vyetu vimo, lakini wiki ya kwanza walilalamika, mbona hawalii hawa, kwa sababu ni hadithi ya mwalimu mkuu mmoja mwanamke aliyefiwa na mume, na asubuhi ya kufa kwa huyo mume waligombana juu ya ufunguo wa nyumba, mke akamfungia nje, na hajamwambia mtu. Hapigi kelele, hajigaragazi. Anaosha vikombe, anapiga pasi mashati ya marehemu, anakaa. Ila kila mara mkono wake unapogusa ule ufunguo yale mazishi yanamrudia, yale yale, wanaume wanapanda kilima na jeneza katikati ya chai, hakuna muziki, unasikia viatu tu kwenye majani. Na wa pili kutoka mbele, upande wa kulia, ni mume wangu.

Mama Tryphosa, nywele zilinisimama. Anapumua! Anaonekana mvuke ukimtoka puani kwa ile baridi, anauma mdomo wa chini kama alivyouma kila akitia gunia la majani chai begani, na shati ni lile la bluu ambalo kifungo chake nilikishona mimi. Niliteleza kutoka kwenye kiti nikajikuta nimepiga magoti kwenye zulia. Kina mama waliinuka mmoja mmoja wakaondoka bila kuaga, na tangu hapo hawaji tena, wameniachia Jumanne yangu. Na kwa kuwa yule mwanamke wa hadithi hawezi kusahau, kila wiki Ishmael anapanda kilima tena.

Wiki ya tatu au ya nne hivi niliamka asubuhi nikakuta maua yangu ya kanna chini ya dirisha yamekanyagwa, na alama za gambuti kwenye udongo. Nikadhani mwizi. Jumanne iliyofuata nikakaa upande nisioonekana, na ilipofika ile sehemu ya mazishi nikatupa jicho dirishani, nikaona koti refu na kofia, ni Tata, mvua inampiga, amesimama kando ya dirisha langu anatazama televisheni. Hakunitazama mimi, naapa, sidhani hata alijua kama nimo. Na Ishmael alipotokea, mzee alivua kofia. Akaishika kifuani, maji yanamtiririka kichwani kwenye mvi zake, mpaka jeneza likapita, kisha akaivaa akapanda kwenda kwake gizani. Mimi naenda kanisani tangu utoto, nimeona watu wakiombewa na wakianguka, lakini sijawahi kuona kitu kama kile. Nilikaa pale pale mpaka habari zikaisha.

Sikumwambia mtu. Nilichofanya, wiki iliyofuata niliisogeza televisheni iangalie dirisha, pazia nikaliacha wazi, na pale kwenye matope nikaweka ubao wa kusimamia. Asubuhi nikakuta ubao umefutwa udongo, umesimamishwa ukutani vizuri. Kila wiki nauweka, kila wiki naukuta umefutwa. Tukikutana mchana naye anauliza habari ya ng'ombe, mimi namjibu habari ya ng'ombe, namtuma mtoto ampelekee uji, na hakuna anayesema lolote.

Sasa Ratemo, kaka mkubwa wa marehemu, mwenye duka la misumari na mabati hapo sokoni, alipita Jumanne iliyopita akamwona. Alikuja dukani kwangu kesho yake amefura, akasema baba mkwe kusimama kwenye dirisha la mkaza mwana jioni ni kuvunja chinsoni, ni aibu ya ukoo, kwamba wazee watakaa na mbuzi atachinjwa kusafisha, na kwamba mimi ninayeacha pazia wazi ndiye ninayemwita. Mimi! Akanipa sharti moja, nifunge pazia Jumanne hii, la sivyo Jumatano anaita kikao. Na Jumanne hii ndiyo mwisho wa tamthilia. Nikifunga, namnyima mzee mwanawe mara ya mwisho, atakuta kitambaa tu pale, na atajua kwamba nilikuwa najua. Nisipofunga, atasimamishwa mbele ya ukoo kama mtu mchafu, mzee wa miaka ile, na sidhani ataishi baada ya hapo. Ndani kwangu haingii, televisheni siwezi kuipeleka kwake kwa sababu ya neno alilosema mazishini, na kumwonyesha kwa simu yangu ndiyo siwezi kabisa, nitaanzaje?

Na nikwambie ukweli ambao hata mchungaji hajui. Pazia silitaki lifungwe kwa ajili yangu mwenyewe pia. Wengine wote wamemaliza kumlilia Ishmael. Jumanne ndiyo siku pekee ambayo sipo peke yangu.

Nisaidie mama,
Persis.


MAMA TRYPHOSA ANAJIBU

Persis mwanangu, majina yenu nimebadilisha yote na soko nimelihamisha, kwa hiyo tulia. Barua yako niliianza nimesimama, nikavuta kiti, na nilipofika kwenye ile kofia niliiweka barua chini nikatoka nje nikasimama kidogo barazani. Nimejibu barua za watu mwaka baada ya mwaka, za wanaume wawili wawili na za mashamba, ila mzee wa namna hii sijaletewa. Pole sana kwa mume wako. Pole tena, maana ya kwanza ni ya desturi na hii ni yangu.

Sasa nikugombeze. Umenijazia karatasi habari za pazia, na jambo lenyewe umelipitia mbio kama mtu aliyechelewa sokoni. Mgomba! Mume wako alikatazwa na babake kubeba jeneza tupu, na hakulibeba tupu. Aliwaambia wageni wenye mashine zao, watu wa kuchekelea washamba, kwamba baba yangu amekataza, akachekwa, akaenda kuomba mgomba. Alimtii babake mbele za watu. Wewe ulisikia kwa masikio yako, ukampaka mafuta ukalala. Mzee umemwambia lini? Hujamwambia. Umemwambia habari za ng'ombe.

Jiweke ndani ya lile koti lake. Yeye anajua alisema jeneza tupu linatafuta wa kulijaza. Anajua mwanawe alinyamaza akaenda, na baadaye akafa. Basi anaamini moja kati ya mambo mawili, na yote ni sumu: ama mwanawe alimdharau, neno likamfuata, ama kinywa chake mwenyewe ndicho kilichomwonyesha mauti njia. Ndiyo maana hakuweza kulia. Mtu anayejiona ameua hana uso wa kulia msibani. Kila Jumanne mzee huyu anasimama kwenye mvua kutazama jeneza analoliamini ni tupu likipanda juu ya bega la mwanawe, na anavua kofia. Wewe ulidhani anamuaga. Mimi nasema anamwomba msamaha.

Kama kuna anayetaka kuniuliza mimi naamini nini, nitasema. Nimezaliwa Kenyenya, na radi za huku nazijua. Imepiga ng'ombe wa shangazi yangu, imepiga mikaratusi, imepiga paa la kanisa ibada ikiendelea, na hakuna aliyewatamkia neno hao. Radi haingoji kutumwa na mzee. Lakini usiende kumhubiria hayo. Mtu mwenye donda kama hilo haponi kwa kubishiwa. Mpe kile ulicho nacho.

Kuhusu wewe ninayekuita Ratemo, najua hili gazeti hufungiwa misumari dukani kwako, kwa hiyo litakufikia. Ulimwona baba yako amesimama kwenye mvua, ukafikiria mbuzi. Hukufikiria mwavuli. Huyo mzee chinsoni ameishika kuliko wewe. Mwanawe yumo mle ndani anapumua na bado mguu wake haukugusa kizingiti. Ni nani kati yetu angeweza? Hata hivyo, Persis, shemeji yako hajakosea yote. Dirisha la mkaza mwana si mahali pa baba mkwe, na watu wa soko wana midomo. Ulimwachia pazia kwa upendo, naam, lakini ulimwacha pia akija kwa mwanawe kwa kunyata. Hiyo ikome.

Utafanya hivi. Kesho mchana, si jioni, mchana watu wakiona, mfuate mzee shambani. Simama mbali kwa heshima kama unavyosimama siku zote. Mwambie, "Tata, Ishmael hakulibeba tupu. Aliwaambia baba amekataza, akakata mgomba akauweka ndani." Kisha funga mdomo. Usiongeze Mungu, usiongeze radi, usimwambie usilie. Akigeukia chai, mwache ageukie. Na la dirisha usilitaje, wala kofia, wala ubao, si kesho wala siku ya kufa kwako. Kuna mambo ambayo heshima yake ni kutosemwa.

Halafu Jumanne hutafunga pazia wala hutalifungua, kwa sababu televisheni haitakuwemo. Itoke nje. Weka meza uwanjani, pale waombolezaji walipokaa, funga turubai juu, vuta waya kutoka sebuleni. Pale si ndani mwako, na mlango wa mzee hakuna kitakachouvuka, kwa hiyo kila mtu amebaki na neno lake na mila yake. Anayeibeba hiyo televisheni awe Ratemo. Mwambie Mama Tryphosa amesema, na akitaka kikao, basi kikao ni hicho, akae karibu na babake. Waite na wale jirani zako walioondoka bila kuaga. Hawakukutupa, waliuogopa uchungu wako. Chemsha chai nyingi. Mzee usimwalike kwa maneno mengi. Mtume mtoto amwambie babu, kiti chako kiko tayari. Akija, amekuja. Asipokuja, utamwona amesimama juu kule kwenye uzio wake, na kutoka pale pia ataona.

Jambo moja na nimalize. Hiyo tamthilia mimi naitazama pia, hapa Kisii mjini, na kila wiki ile sehemu ya mazishi hunishika nikasahau kikombe mkononi, sikujua kwa nini. Nilipomaliza barua yako nilifumba macho nikaiona tena ile ya Jumanne iliyopita. Wale wanaume magoti yanawapinda kwenye mpando. Ubao wa jeneza umezama kwenye nyama ya mabega. Nilidhani wanaigiza vizuri. Kumbe hawaigizi, mwanangu. Mume wako anauma mdomo kwa sababu mgomba ni mzito kweli.

Mzee ametazama sehemu hiyo mara zote hizo akiliona jeneza tupu. Akishaambiwa, safari hii ataliona bega la mwanawe. Inawezekana akalia kilio chote alichokibana mazishini, mbele ya Ratemo na mbele ya kina mama na chai zao. Msimshike, msimnyamazishe. Wewe tazama mbele. Na ule ubao wako, kabla hajafika, uweke chini ya kiti chake.

Mama Tryphosa